Aliyeitikia Jina la Baba

Binamu yangu, mtoto wa shangazi, ni mdogo kwangu. Nimembeba mgongoni, nimemfuta kamasi, nimemfundisha kufunga kamba za viatu, na alipofeli kidato cha pili ni mimi niliyekaa naye barazani kumrudishia hesabu zile zile mpaka nikachoka mimi badala yake. Halafu asubuhi moja, baada ya arobaini ya baba, bibi akampaka unga kipajini, akamvika kofia ya baba, akamshikisha kisu cha baba, akatutazama wote tuliokaa mkekani.

"Basi," akasema. "Baba yenu huyu hapa."

Wanawake wakapiga vigelegele. Mimi nikanyanyuka nikaenda kuosha vyombo vilivyokuwa vimeshaoshwa.

Nieleze kidogo, maana mtu wa kwingine anaweza kudhani bibi alichanganyikiwa na msiba. Bibi ni mama yake baba. Watu wa ukoo wake walivuka Ruvuma zamani, wakaja kulima upande huu, na kwao jina la mtu mzima halizikwi. Mtu akifa, msiba ukiisha, mtoto wa dada yake analichukua lile jina. Halichukui kama wewe unavyopewa jina la babu yako. Anakuwa yeye. Watoto wa marehemu wanamwita baba. Wazee wanamwamkia kama walivyokuwa wakimwamkia yule. Na jina likiitwa mahali popote lazima aitike, kwa sababu jina likiitwa likakosa mtu, mwenyewe huko aliko anajua kwamba amesahauliwa.

Mtoto wa kumzaa hawezi kulichukua. Niliuliza. Nilijua jibu, lakini niliuliza.

"Wewe ni wa tumbo la mama yako," bibi alinijibu, huku anapeta mchele. "Huyu ni wa tumbo langu. Mbona jambo dogo hili na umesoma?"

Kwa kweli niliumwa. Sio kwa sababu ya jina. Mimi ni msichana, jina la baba ningelifanyia nini? Niliumwa kwa sababu ya kile kisu.

Baba alikuwa fundi wa kubebesha mikorosho. Tunakaa nje kidogo ya Naliendele, Mtwara, na huku kila mtu anajua mikorosho, lakini kubebesha si kila mtu anaweza. Unachukua mche mchanga, unaukata kichwa, unaupasua kidogo katikati. Unachukua kikonyo, yaani kitawi kilichokatwa kwenye mkorosho mzuri unaozaa, unakichonga pande mbili kama kabari, unakichomeka kwenye ule mpasuko, unafunga na nailoni. Mkono ukitetemeka, kinakauka. Ukichelewa, kinakauka. Baba alikuwa na kisu chembamba chenye mpini wa mpingo, amekinoa miaka mingi mpaka kimebaki kama jani, na hakuna mtu aliyeruhusiwa kukishika isipokuwa mimi. Alikuwa ananiambia, "Una mkono mkavu, mwanangu. Mkono wa fundi huo." Binamu yangu alikuwa akija pale anabeba ndoo za maji. Kisu hakuwahi kupewa.

Baba aliitwa na wakulima wa mikoa ya kati, walioanza kupanda mikorosho juzi juzi, akawafundishe. Akafunga vikonyo vyake kwenye gunia bichi, akaenda Dar, akapanda treni. Huku kwetu hatuna reli. Bibi ndiye peke yake katika familia aliyewahi kuiona treni kwa macho, utotoni, kabla reli ya huku haijang'olewa. Alipoaga, baba alimtania, "Mama, nakwenda kumsalimia yule nyoka wako." Treni ikaacha njia kabla haijafika. Mabehewa yalipinduka. Baba aliletwa kwa gari, na begi lake likaletwa. Vikonyo vilikuwa vimekauka vyote. Kisu kilikuwa kizima.

Niliwaza kwamba kile ni changu. Sikumwambia mtu, niliona ni jambo linalojulikana. Kumbe kilikuwa kinasubiri kofia na unga.

Sasa hebu fikiria kuishi hivyo. Kijana ana bodaboda ya mkopo, ana vindevu vinne, anaingia uani na mama yangu anamwambia, "Karibu baba watoto," halafu wanacheka wote wawili. Mama alikuwa ndani ya eda na kicheko kilikuwa kigeni pale nyumbani, kwa hiyo hata kukikataa nilishindwa. Mdogo wangu wa darasa la kwanza hakupata shida hata dakika moja. Alimwita baba siku ile ile. "Baba kanipeleka shule na pikipiki." "Baba kaniletea biskuti." Nikimwambia, "Yule ni binamu yako," ananiangalia kama mtu mjinga. "Najua. Na baba."

Majirani ndio walinimaliza. Kuna mama mmoja anauza mihogo ya kukaanga njiani pale, mtani wetu, mdomo wake hauna breki.

"Wewe binti, unakwenda wapi jioni hii?"

"Dukani."

"Umemuomba ruhusa baba yako?"

"Mama, niache."

"Usije ukachapwa! Mzee yule mkali, nimemuona asubuhi analia kwa sababu ya tairi."

Watu wakaangua vicheko. Na yeye binamu anacheka, halafu anajikohoza sauti nzito ya kizee, "Mwanangu, rudi mapema." Ningeweza kumrushia kiatu. Niliwahi kumrushia.

Mimi sikumwita baba. Nilikuwa namwita "wewe". Kama yuko mbali nilikuwa napiga makofi. Bibi alikuwa ananitazama tu.

Halafu likaja suala la fidia. Wakili mmoja, dada mchanga kutoka nyanda za juu, mwenye ofisi Chikongola juu ya duka la spea, alikuwa amezikusanya familia za huku kusini zilizofiwa kwenye treni ile. Mimi ndiye niliyekuwa nampeleka mama kwake. Mimi ndiye niliyekuwa najua neno mtegemezi linamwangukia nani. Wakili alinipenda, alikuwa akisema, "Huyu binti ndiye msemaji wenu." Mara ya kwanza aliposema hivyo nilirudi nyumbani natembea kama nimeshinda uchaguzi.

Alitueleza vizuri. Watu wa reli na watu wa bima wamekubali kukaa na familia nje ya mahakama. Watakuja Mtwara kwa muda mfupi, watamhoji kila mtu, na wategemezi wote wakubwa wataweka dole gumba mbele yao: mke, watoto waliofikisha umri, na wazazi wa marehemu walio hai. Familia ikikamilika, inalipwa. Isipokamilika, wakishapanda ndege ndio basi, mtaanza upya wenyewe, mahakamani, Dar. Mama akaniangalia. Sisi kuanza upya Dar ilikuwa ni njia nyingine ya kusema hamna. Nyumba yetu ilikuwa nusu bati, nusu makuti yaliyooza, na mimi nilikuwa nimekaa nyumbani tangu kidato cha nne nikisubiri ada ya chuo ambayo baba alikuwa ameifuata huko alikokwenda na vikonyo.

Basi siku ikafika. Nimevaa gauni la bluu, nimepiga pasi, mkoba mkononi. Natoka nje namkuta binamu amevaa shati la baba la Idi na kofia ya baba, amekaa mbele kwenye bajaji pembeni ya dereva.

"Na huyu anakwenda wapi?"

"Anakwenda na familia yake," bibi akasema.

"Bibi, yeye si mtegemezi."

"Nani kasema ni mtegemezi? Ni mwenye nyumba."

Nilimgeukia mama. Mama akafunga mtandio vizuri, akasema, "Panda tuondoke, tutachelewa." Nikapanda nyuma, nimebanwa katikati ya bibi na mama, chupa ya maji ya bibi mapajani, namtazama kisogo mtu aliyevaa kofia ya baba yangu. Nilikuwa nimejiandaa wiki nzima kuwa msemaji. Nimekuwa mbeba maji.

Pale ofisini tulikaa kwenye benchi la ukumbini. Pembeni yetu kulikuwa na familia nyingine moja, mama mtu mzima kutoka vijiji vya huko Ruvuma karibu na kivuko, na binti yake wa rika langu. Yule binti alikuwa amepakata picha ya baba yake ndani ya fremu. Kila mara alikuwa anaifuta kioo kwa upindo wa khanga. Hakuna aliyemuuliza yeye ni wa tumbo gani. Jina la baba yao lilipoitwa, yeye ndiye aliyesimama na picha yake, na mama yake akamfuata nyuma. Nilimwonea wivu mpaka nikaona aibu. Wamefiwa wale, na mimi nataka fremu yao.

Wakatoka. Yule binti alikuwa na wino kwenye dole gumba. Karani akachungulia mlangoni na faili jingine, akasoma majina matatu ya baba.

Binamu akasimama. "Nipo."

Karani akatabasamu. "Hapana kaka, hili ni jina la marehemu. Naita familia yake."

"Ndiyo. Nipo."

Tukaingia hivyo hivyo. Ndani kulikuwa na wakili wetu, na mezani maafisa wawili. Mmoja mnene, miwani kwenye paji la uso, ndiye aliyekuwa anauliza. Mwingine kijana anaandika kwenye kompyuta.

"Karibuni. Poleni sana," akasema yule mnene. "Kijana, tuanze na wewe. Unaitwa nani?"

Binamu akavua kofia, akaishika kifuani kwa adabu, akataja majina matatu ya baba. Hakusita. Alikuwa amefundishwa, na kwa mara ya kwanza maishani mwake alikuwa amekariri kitu vizuri.

Afisa akaangalia faili. "Aa, umefanana jina na marehemu. Wewe ni mwanawe?"

"Hapana mzee." Akaninyooshea kidole mimi. "Mwanangu ni huyu. Na mwingine yuko shule."

Yule wa kompyuta akaacha kuandika. Afisa akashusha miwani machoni, akanitazama mimi, akamtazama yeye na vindevu vyake, akarudi kwangu.

"Huyu dada ni mtoto wako?"

"Wa kwanza."

"Mama," afisa akamgeukia mama yangu, taratibu sasa, kama mtu anayekanyaga tope. "Wewe ndiye mke wa marehemu. Mume wako yuko wapi?"

Mama akamtazama bibi. Bibi alikuwa anatazama ukuta. Najua mama alikuwa anawaza nini. Kusema mbele ya mama mkwe kwamba yule amekufa, wakati jina limeshapata mtu, ni tusi. Lakini hapa ni ofisini. Akainama.

"Ni huyu," akasema kwa sauti ya chini.

"Bibi, na wewe. Mwanao amekufa lini?"

"Nani kafa?" bibi akasema.

Wakili wetu akafumba macho. Hatukuwahi kumwambia. Wallahi, hakuna aliyewaza kumwambia, kama ambavyo huwezi kumwambia mgeni kwamba nyumbani kwenu watu wanakula kwa mkono. Na yeye kwao hawana mambo haya.

"Wakili," afisa akasema, "umeniletea marehemu anayevua kofia?"

Yule kijana wa kompyuta akacheka, akajizuia, akacheka tena.

"Mheshimiwa, nadhani kuna mila hapa ambayo..."

"Mila naijua. Na ujanja naujua pia. Kuna mahali nimeletewa mjane wa mtu ambaye hakuwa hata na mke." Akafunga faili. "Hili naliweka pembeni. Mtu wao yupo, ameitika mwenyewe, mke kakiri, mama kakiri. Nimlipe nani fidia ya nini?"

Binamu alikuwa bado ameshika kofia kifuani. Alikuwa anatutazama mmoja mmoja, kama mwanafunzi aliyejibu sahihi halafu akachapwa. Bibi alikuwa hata hajastuka. Mama alianza kulia bila sauti.

Nikasimama.

"Baba amekufa," nikasema.

Bibi akageuka. Nilimwona kwa pembeni ya jicho lakini sikusimama hapo, nisingeweza tena, ilikuwa kama kukata nailoni ya mche, ikishaanza inafunguka yote.

"Amekufa kwenye treni yenu. Nimemuona mimi, nimemfunua shuka. Huyu sio baba. Huyu ni binamu yangu, alifeli kidato cha pili, nimemfundisha mimi hesabu. Kofia sio yake. Shati sio lake. Mimi ndiye mtoto. Niulizeni mimi."

Afisa akafungua faili tena. Akaniuliza maswali, nikajibu yote, moja baada ya jingine. Baba alizaliwa wapi, alifanya kazi gani, alisafiri na nini, meno yake yalikuwaje, nani alitambua mwili. Wakili akaongezea pale alipoweza, akaeleza habari ya jina kwa ufasaha kuliko nilivyotegemea. Afisa akapoa. Akamgeukia binamu.

"Sasa kijana, kwa kumbukumbu. Wewe ni nani hasa? Jina lako."

Binamu akafungua mdomo. Halikutoka. Miezi yote ile hakuna mtu aliyemwita kwa jina lake, hata shangazi aliyemzaa. Akamtazama bibi, bibi akaangalia ukuta. Akanitazama mimi. Halafu akalisema jina lake la utotoni, taratibu, kwa sauti ya kijana tu, hamna kikohozi cha kizee.

Nilitegemea nitafurahi. Nilifurahi kidogo, kusema ukweli.

Tukaweka dole. Mama, kisha mimi. Karani akausogeza ule mkebe wa wino mbele ya bibi. Bibi akaificha mikono yake yote miwili ndani ya khanga.

"Siweki."

"Bibi, wewe ni mzazi, bila..."

"Siweki."

Wakili akapiga magoti mbele yake, mama akambembeleza. Afisa akaangalia saa. Akasema wao wamefikia hotelini Ufukoni, kesho asubuhi watapita hapa kumalizia, mchana wanapanda ndege. Dole la bibi likiwepo, faili linapita. Lisipokuwepo, samahani.

Tukapanda bajaji kurudi. Binamu alishuka mapema, akasema anakwenda kuchukua pikipiki yake. Hakuja kula jioni ile. Mdogo wangu akauliza, "Baba yuko wapi?" Mama akamwambia ale. Nikasikia mama muuza mihogo anapiga kelele njiani, "Jamani, mzee kafukuzwa na mwanawe!" Sijui habari ilimfikiaje. Sikutoka kumjibu.

Asubuhi na mapema nikamfuata bibi. Alikuwa ameketi kwenye kibao chake cha mbuzi nje ya mlango, hakuni nazi, amekaa tu.

"Shikamoo bibi."

Hakuitika. Nikakaa chini.

"Bibi, wakiondoka leo tumekwisha. Mama atakwenda Dar na nini? Hujawaona wale maafisa walivyo?"

"Umemuua mwanangu mara ya pili," akasema. "Mbele ya wageni."

"Bibi, alikuwa ameshakufa."

"Nani hajui? Nimemzaa mimi, nitakosa kujua?" Akanigeukia, na macho yake hayakuwa ya mtu aliyechanganyikiwa hata kidogo. "Nikiweka dole nimesema kafa. Mama yako kasema. Wewe umesema. Mimi nikienda kusema, atabaki nani wa kusema yupo?"

Nimesoma, lakini hilo hatukufundishwa.

"Basi tubadilishane," bibi akasema. "Mimi nitakwenda upande wenu leo. Wewe uje upande wangu. Hawezi kukosa mtu."

"Nifanye nini?"

"Unajua. Tangu siku ile hujamwita hata mara moja. Wanamwita wote, mpaka yule mama wa mihogo. Wewe unapiga makofi kama unafukuza kuku. Mwite nisikie. Kisha tutakwenda."

Nilitaka kubishana. Nilitazama jua, lilikuwa linapanda. Nikanyanyuka nikazunguka nyuma ya nyumba.

Binamu alikuwa anaosha pikipiki chini ya mkorosho. Kofia hakuivaa, ameitundika kwenye kioo cha pembeni. Alinisikia lakini hakugeuka. Bibi alikuwa amenifuata na mkongojo wake, amesimama kwenye kona ya nyumba.

Nikafungua mdomo, na hapo ndipo nilipogundua kitu. Lile neno sikuwa nimelitamka kumwita mtu tangu baba apande basi la Dar. Nilikuwa nalitumia kuzungumzia habari zake, baba hivi, baba vile. Lakini kumwita, hapana. Nilikuwa nimelifungia kama mtu anavyofungia sukari isiibiwe na watoto, na huko ndani lilikuwa limeganda.

"Baba," nikasema.

Akakamua kitambaa. "Nani?"

"Wewe."

"Jana umesema amekufa."

"Jana tulikuwa ofisini."

"Na leo?"

"Leo tupo nyumbani."

"Sijasikia mimi!" bibi akapaza sauti kutoka konani.

"Baba!" nikaita, kwa nguvu sasa, kwa hasira, na sauti ikakatika katikati.

Binamu akageuka. Alikuwa na povu mpaka kwenye viwiko. Angeweza kunicheka, alikuwa na haki zote. Angeweza kukohoa kile kikohozi chake.

"Naam, mwanangu," akasema. Kawaida tu. Kama mtu anayeitwa kutoka shambani.

Nikageuzia uso kwenye mkorosho mpaka kilio kikapita. Sidanganyi mtu, wivu haukuisha. Ulibaki pale pale, ila sasa ulikuwa na akili kidogo. Nikafuta macho.

"Baba," nikasema, "nina shida."

"Shida gani?"

"Naomba kisu cha kubebeshea."

Akamtazama bibi. "Bibi, umemsikia?"

"Mbona unaniuliza mimi?" bibi akasema, na kwa mara ya kwanza tangu jana nikaona pengo la meno yake. "Mtoto kaomba kwa baba yake. Baba gani atamnyima mtoto kitu ambacho yeye mwenyewe hajui kukitumia?"

"Lakini ulinipa wewe!"

"Nikakupa na watoto. Ulidhani kisu peke yake?"

Akaenda ndani anabamiza miguu, mtoto wa miaka kumi na minane, akarudi nacho kimefungwa kwenye kitambaa kile kile cha baba. Akakishikilia kidogo kabla hajakiachia.

"Kikipotea nitakuchapa," akasema.

"Jaribu."

Ofisini tulifika wa kwanza. Kabla hatujapanda ngazi nilimwambia binamu waziwazi, "Leo wakiita, usiitike." Akasema sawa. Lakini karani alipochungulia mlangoni, akasoma yale majina matatu, nikauona mwili wake wote unataka kunyanyuka, magoti yameshakunjuka. Nikamkanyaga mguu. Nikaukanyaga kweli kweli. Akakaa.

Jina likabaki ukumbini pale, halina mtu. Karani akasubiri. Bibi alikuwa ameng'ang'ania mkongojo, midomo yake inachezacheza.

"Hawapo?" karani akauliza.

"Familia yake ipo," mama akasema.

Bibi aliingia akaweka dole lake, akasema yale maneno aliyotakiwa kuyasema, kwa Kiswahili kilichonyooka, bila kumtazama yeyote. Faili likapita. Bati za mama zilikuja baadaye sana, baada ya kuulizia na kuulizia, lakini zilikuja.

Tulipokuwa tunashuka ngazi, hatujafika hata katikati, bibi akasimama. Akaliita jina la baba, yote matatu, kwa sauti kubwa, huku anajifutia wino kwenye pindo la khanga. Hakutaka lipoe.

"Nipo!" binamu akajibu, mpaka watu wa duka la spea chini wakageuka kututazama.

Bibi akamshika mkono, wakashuka pamoja, kofia ya baba mbele, mkongojo pembeni. Mimi nilikuwa nyuma yao na mkoba wangu. Kisu kilikuwa ndani.